Swali la Lugha: "Tafuta Makazi" au "Ingia Ndani"?

Swali: "Mwalimu, hujambo? Mimi ni katibu wa kikundi chetu cha Nyumba Kumi huku Umoja, Nairobi. Tumepewa karatasi ya Kiingereza inayoeleza la kufanya iwapo kutatokea mlipuko wa nyuklia au dharura nyingine ya mionzi, nami nikaombwa niitafsiri tuwasomee wakazi. Nimeandika hivi: 'Mlipuko ukitokea, tafuta makazi mara moja. Jihadhari na kuanguka kwa mionzi. Aliyeathiriwa na mionzi avuliwe nguo na kuoshwa.' Nilipoisoma kikaoni, mama mmoja aliuliza hayo makazi tutapewa na nani. Kijana mmoja naye akauliza kama aliyeathiriwa anaambukiza. Isitoshe, mwanangu wa sekondari anasema 'mionzi' si sahihi, eti kitabuni ni 'mnururisho'. Nisaidie nisije nikapotosha watu."

Jibu: Sijambo, dada katibu. Hao wawili waliokuuliza kikaoni wamekufaa sana. Kila mmoja ameweka kidole pale ambapo tafsiri ilishika neno ikaacha tendo, na kwa karatasi ya namna hii tendo ndilo linalookoa mtu.

Tuanze na yule mama. Makazi ni mahali mtu anapoishi: makazi duni, makazi ya wakimbizi, makazi ya kudumu. Na hapa Nairobi siku hizi mtu akisikia makazi hufikiria nyumba za bei nafuu na fedha zinazokatwa kwenye mshahara kuzijenga. Kwa hiyo kuuliza "tutapewa na nani" ni swali la haki kabisa. Karatasi ya Kiingereza ilikuwa inazungumzia kuta na paa vya kumkinga mtu kwa muda, hata kama ni jengo la mtu baki ambaye hujawahi kumsalimu.

Nilijaribu maneno mengine kabla ya kukujibu. "Jisitiri" ni neno zuri, lakini kwa wengi kusitiri ni kufunika mwili au aibu, na sitaki mtu ajitande leso akabaki kibarazani. "Kimbilio" lina kukimbia ndani yake. Mtu akiambiwa atafute kimbilio atatoka mbio, atawania matatu ya kwenda mashambani, na hapo ndipo hatari ilipo: barabarani, kwenye foleni, dakika zilezile vumbi la mlipuko, lenye mionzi, linapoanza kushuka. Katika maeneo yaliyo nje ya yale yaliyobomolewa, vumbi hilo huchukua kama dakika kumi hivi au zaidi kabla ya kufika chini, na huo ndio muda mtu alio nao wa kujikinga. Andika "Ingia ndani." Maneno mawili, na hata mtoto wa chekechea anayajua.

Kisha taja ni ndani ya nini, maana Umoja ina majengo ya orofa na pia ina vibanda vya mabati. Kinachozuia mionzi ni uzito wa kitu kilichosimama kati yako na vumbi: zege, mawe, matofali, udongo. Bati halizuii kitu cha maana. Andika waziwazi: "Kama nyumba yako ni ya mabati au mbao, kimbilia jengo la mawe au zege lililo karibu nawe." Hapo "kimbilia" linafaa kwa sababu umeshalitajia mahali.

Angalia pia "orofa ya chini". Wengi wetu tukisema orofa ya chini tunamaanisha ile iliyo sawa na barabara, yenye duka na kinyozi. Hiyo si salama sana, kwa kuwa vumbi hutua chini hapo nje ya mlango. Orofa ya juu kabisa nayo iko chini ya paa lililojaa vumbi lilelile. Panapofaa ni chini ya ardhi, kama vile maegesho ya magari yaliyochimbwa, au orofa za kati, katikati ya jengo, mbali na kuta za nje na madirisha. Kwa hiyo andika "chini ya ardhi", usiandike "chini" peke yake.

Nimetaja madirisha, na hapa naomba kila msomaji wa Nairobi anisikilize. Tarehe 7 Agosti 1998, ubalozi wa Marekani uliposhambuliwa, ulitangulia mlipuko mdogo na milio ya risasi. Watu waliokuwa maofisini katika majengo ya jirani wakakimbilia madirishani kuona kuna nini. Sekunde chache baadaye bomu lenyewe likalipuka, na vioo vikawakata nyuso na kuwatoboa macho. Waliokufa jijini walikuwa zaidi ya 200, waliojeruhiwa ni maelfu, na wako waliopoteza kuona siku ile. Lile halikuwa bomu la nyuklia. Lakini mlipuko wa nyuklia nao huanza na mwanga mkali wa ghafla, kisha wimbi la mlipuko hufuata baada ya sekunde kadhaa kwa aliye mbali, na anayekwenda dirishani kutazama mwanga hukutana na kioo njiani. Basi karatasi iseme: "Ukiona mwanga mkali wa ghafla, usiutazame, usiende dirishani. Lala kifudifudi, mikono ukiilalia." Usiandike "lala chini", kwa sababu wapo watakaolala chali. Kiswahili kina neno lake hapo, kifudifudi, tulitumie.

Sasa swali la yule kijana, ambalo kwangu ndilo zito kuliko yote. "Kuathiriwa" ni neno la ofisini. Bei ya unga inatuathiri, ukame unatuathiri, hata umbea unatuathiri. Neno halisemi mtu amepatwa na nini hasa, kwa hiyo msikilizaji hujaza mwenyewe, na mara nyingi hujaza ugonjwa wa kuambukiza. Ndiyo maana kijana aliuliza vile.

Lugha yetu ina vitenzi viwili vinavyotenganisha mambo haya vizuri sana. Twasema mtu amepigwa na jua. Akiingia kivulini jua limekoma kumpiga. Huenda ngozi imeungua, lakini hajabeba jua mwilini, na ukimshika mkono hutaungua. Twasema pia mtu ameshikwa na vumbi, kama anayeshuka kutoka lori la mchanga. Huyo amelibeba, yumo nalo kwenye nywele na nguo, na akikukumbatia nawe utalipata. Mionzi ina hali hizo mbili. Aliyepigwa eksrei hospitalini amepigwa na mionzi: anatoka chumbani hana cha kuoshwa wala cha kumpa mtu mwingine. Aliyeangukiwa na vumbi lenye mionzi ameshikwa nalo: linaendelea kumpiga maadamu liko mwilini, na huyo ndiye wa kuvuliwa nguo na kuoshwa. Ukisema wote "wameathiriwa", utamwosha asiyehitaji na kumkimbia anayehitaji.

Nina sababu ya kusisitiza hivi. Septemba 1987, katika mji wa Goiânia nchini Brazili, watu wawili waliingia kwenye kliniki iliyoachwa tupu wakang'oa mashine ya kutibu saratani, ikaishia kwa mnunuzi wa vyuma chakavu. Ndani mlikuwa na unga wa sesiamu 137, kitu kinachotoa mionzi mikali. Gizani ulitoa nuru ya buluu, watu wakaupenda, wakagawiana na jamaa, wengine wakajipaka. Wanne walikufa. Serikali ilipima watu zaidi ya 112,000, na waliokutwa wameshikwa na unga huo walikuwa 249. Fikiria hofu ya hao wengine wote. Mtoto wa miaka 6 alipopelekwa kuzikwa, umati ulijaa makaburini kupinga asizikwe pale. Nasi tuna wanunuzi wa vyuma chakavu kila mtaa. Kama karatasi yenu ina nafasi, chora ile alama ya mionzi: kitone katikati na mapanga matatu kama ya feni, meusi juu ya manjano. Andika chini yake, "Chuma chenye alama hii usikifungue, usikinunue, usikibebe. Kaa mbali nacho, piga ripoti."

Basi sentensi yako ya tatu iwe hivi: "Mtu aliyeshikwa na vumbi lenye mionzi avue nguo za nje taratibu bila kuzikung'uta, aoge kwa sabuni na maji mengi, asijisugue mpaka ngozi ikachubuka." Kuvua nguo za nje peke yake kunaweza kuondoa hadi asilimia 90 ya vumbi hilo. Ongeza "asipake kondishona", kwa sababu kondishona hulishikiza vumbi kwenye nywele. Na pale karatasi ya Kiingereza iliposema nguo zitiwe kwenye mfuko wa plastiki, kumbuka mifuko ya plastiki ya kubebea ilipigwa marufuku hapa tangu Agosti 2017. Andika "ndoo yenye kifuniko au mfuko wowote unaofungika, uwekwe mbali na watu".

"Kuanguka kwa mionzi" ni kosa la namna hiyohiyo. Mionzi haianguki, hupenya na kusafiri kama mwanga. Kinachoanguka ni vumbi na majivu yaliyorushwa juu na mlipuko. Sema "vumbi la mlipuko" au "vumbi lenye mionzi". Machi 1, 1954, Marekani ilipojaribu bomu la nyuklia katika visiwa vya Bikini, bahari ya Pasifiki, majivu meupe yaliwaangukia watu wa kisiwa cha Rongelap, na watoto wakayachezea. Mtu aliyeambiwa juu ya "kuanguka kwa mionzi" asingeyatambua majivu yale mkononi mwake. Aliyeambiwa "vumbi" angeyapangusa.

Kuhusu mwanao wa sekondari, mpe pongezi kwa kusoma. Mnururisho lipo, na lina ndugu zake: nururisha, nururifu, unururifu. Ni istilahi halali za fizikia, zimeundwa kutokana na nuru. Darasani atumie hizo. Ila kwenye karatasi ya mtaa mimi ningebaki na mionzi. Kwanza watu wanalijua kutoka hospitalini, kwenye tiba ya mionzi. Pili, nuru kwetu ni neno la heri. Tunawapa watoto jina hilo, na tunaombeana nuru. Sipendi kulikaribisha katika onyo la hatari, hasa nikikumbuka ile buluu ya Goiânia iliyowavuta watu. Palipoandikwa "vitu nururifu" weka "vitu vinavyotoa mionzi". Umoja wake ni mwonzi, ngeli ya U-I, kwa hiyo ni "mionzi hii", wala si "mionzi hizi" ninavyosikia kila siku redioni.

Yapo mawili zaidi ambayo hukuuliza, lakini yatakukuta ukifika ukurasa wa pili. Ukiandika "kaa ndani saa saba", nusu ya wakazi watatazama saa ya ukutani wakitoka mchana. Ongeza "kwa muda wa". Na kwa saa 24 usiseme "siku nzima", kwani kwa wengi siku nzima ni asubuhi hadi jioni. Toa mfano: "Ukiingia saa nne asubuhi, kaa mpaka saa nne asubuhi ya kesho, isipokuwa utangaziwe vingine." Sababu yake pia inaelezeka kwa urahisi: kila muda unapozidi mara saba, nguvu ya vumbi hupungua mara kumi. Baada ya saa 7 imebaki moja ya kumi ya ile ya saa ya kwanza. Baada ya saa 49, yaani siku mbili hivi, moja ya mia. Mtu akijua hivyo ana sababu ya kuvumilia kiu na giza.

La pili ni vidonge vya aidini. Wenzetu wa Tanzania huita aidini "madini joto", na chumvi yenye aidini ni "chumvi yenye madini joto". Ukilitumia neno hilo karibu na dharura ya mionzi, mtu atadhani kula chumvi kutamkinga. Mwaka 2011, baada ya ajali ya kituo cha umeme wa nyuklia cha Fukushima nchini Japani, watu nchini China walinunua chumvi madukani mpaka ikaisha kwa dhana hiyo. Andika "vidonge vya aidini", kisha useme vinakinga tezi ya shingoni tu, dhidi ya aidini yenye mionzi tu, na humezwa pale serikali inapoagiza.

Ukishaandika upya, kabla ya kupiga chapa msomee kwanza yule mama, polepole, halafu mwombe akuonyeshe kwa mikono yake angefanya nini. Akisita mahali, niandikie mahali hapo.