Mama wa kambo wa kwenye muvi

SWALI: Anti shikamoo. Nimeolewa na baba mwenye watoto wawili, tunakaa hapa Dodoma. Kila muvi mama wa kambo ni katili, binti anaangalia halafu hata zabibu nilizomletea toka soko la Majengo hagusi. Nifanyeje?

JIBU: Marahaba mwanangu, pole. Sio zote lakini, tafuta Stepmom ya 1998, Julia Roberts ndo mama wa kambo na Susan Sarandon mama mzazi, wanagombana weee mpaka kansa ya mama mzazi inawaleta karibu, mimi nililia. Ila muvi inamaliza yote kwa masaa mawili, kwako itachukua miaka, usimlazimishe akuite mama. Zabibu ziache tu mezani. Na baba yao aongee nao, asikuachie wewe.