Kesi haifuti deni la benki

Swali: Nauza dagaa Mwaloni, Kirumba. Nilikopa benki milioni 25 kwa dhamana ya nyumba yetu ya Buswelu. Deni limebaki milioni 14 na miezi 14. Miezi miwili sijapeleka marejesho, na wiki iliyopita nimeletewa notisi ya siku 60 kwamba nisipolipa nyumba itauzwa. Kuna mtu anasema nikimpa laki nane atafungua kesi, benki haitaigusa nyumba, na nisilipe tena hata senti. Nimpe?

Jibu: Hiyo laki nane ipeleke benki, dada, hata kama haifikii rejesho moja.

Kesi haifuti deni. Fedha ulichukua, na hakuna hakimu atakayesema hukuchukua. Anachokuuzia huyo kishoka, yaani mtu wa kati wa mitaani, ni ombi la zuio la muda, amri ya mahakama ya kusimamisha mnada kwa kipindi fulani, na zuio halitolewi kwa huruma. Tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe, mwaka 1969, mahakama zetu hupima mambo matatu: kama kuna hoja nzito ya kuamuliwa, kama mwombaji atapata hasara isiyofidika kwa fedha, na nani ataumia zaidi. La pili ndilo linalowaangusha wakopaji wengi. Nyumba uliyoiweka rehani kwa hiari yako umekwisha kuikubali kuwa kitu cha kuuzwa, na benki ina uwezo wa kukulipa fidia ikionekana ilikosea. Hata zuio likipatikana, hutolewa kwa muda maalumu, na muda wote huo riba inatembea. Atailipa nani? Siyo kishoka.

Benki nazo hukosea, tena mara nyingi. Sheria ya Ardhi inataka siku 60 zihesabiwe tangu ulipopokea notisi, siyo tangu tarehe iliyochapwa juu ya barua. Kwa hiyo andika leo pembeni ya notisi siku uliyokabidhiwa na nani aliileta. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza. Mnada wa nyumba au kiwanja unahitaji tangazo la siku zisizopungua 14. Bei ikiwa chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kwamba benki haikutimiza wajibu wake mpaka yenyewe ithibitishe vinginevyo. Lakini tazama kila kosa linakupa nini. Notisi mbovu huandikwa upya. Tangazo fupi hurudiwa. Rehani ikibatilika kwa kukosa sahihi ya mume, deni liko pale pale na benki itakudai kwa mkataba wa mkopo. Na kosa lisemwe kabla nyundo ya dalali haijagonga, maana mnunuzi aliyenunua kwa nia njema analindwa.

Dawa yako ni kuomba mkopo upangwe upya, na muda ni mfupi. Mkopo ukivuka siku 90 bila kulipwa unaingia kwenye mikopo chechefu, yaani ile ambayo benki inahesabu huenda isilipwe. Hapo benki inalazimika kutenga fedha zaidi kwa ajili ya hasara, na mara nyingi faili lako linatoka kwa afisa mikopo anayekufahamu na kwenda kwa wakusanya madeni. Una kama mwezi mmoja.

Barua ya "naomba nifikiriwe" haina kazi. Weka hesabu. Tuseme riba yako ni asilimia 18 kwa mwaka kwa salio linalopungua: milioni 14 kwa miezi 14 ni rejesho la kama 1,116,000. Zikisambazwa miezi 36, rejesho linashuka hadi kama 506,000, lakini jumla ya riba inapanda kutoka kama milioni 1.6 hadi milioni 4.2. Hiyo ndiyo gharama ya kupumua, uijue kabla ya kuomba.

Kisha eleza dagaa. Afisa wa benki anaweza asijue kwamba mbalamwezi ikiwa kali wavuvi hupumzika, au kwamba masika dagaa walioanikwa mchangani wakinyeshewa huuzwa kwa bei ya chakula cha kuku. Tarehe moja ya kila mwezi haikufai, kwa sababu mwezi wa angani haufuati kalenda ya benki. Omba kulipa kila wiki mbili, na Machi hadi Mei ulipe riba tupu. Kwa deni lako ni kama 210,000 kwa mwezi. Ambatisha miamala ya simu ya miezi sita na daftari la mauzo. Peleka nakala mbili, moja igongewe muhuri wa kupokelewa na urudi nayo nyumbani.

Mkataba mpya usome polepole. Mara nyingi faini za ucheleweshaji huingizwa kwenye deni la msingi, nazo zinaanza kuzaa riba. Dai zionyeshwe mstari wake, na omba zifutwe. Ukishasaini umekiri tarakimu hiyo, na kuipinga baadaye ni kazi ngumu sana. Benki isipokujibu, lalamika kwake kwa maandishi, kisha nenda dawati la malalamiko la Benki Kuu, ambayo ina tawi hapa Mwanza. Nao hawafuti deni, ila wanaweza kuibana benki ieleze hesabu zake.

Ninalowaambia wote wa mwaloni, kuanzia Kirumba hadi Nansio: msizibe pengo la benki kwa kausha damu, mikopo ya mitaani ya riba kubwa. Milioni 2 kwa asilimia 20 kwa mwezi ni riba ya 400,000, karibu mara mbili ya riba ya milioni 14 zako zote. Mkopeshaji wa namna hiyo hana notisi ya siku 60. Anakuja na kirikuu, kale kagari kadogo ka mizigo, kubeba friji. Msimwachie mtu hati halisi wala karatasi tupu yenye sahihi. Na huyo wa laki nane, mwulize majina yake kamili uyatafute kwenye mfumo wa e-Wakili wa Mahakama. Asipokuwemo, hana ruhusa ya kusimama mahakamani kama wakili wako.