Jibu: Naogopa Jehanamu lakini siachi kusikiliza habari zake

Waalaikumu salaam, dada. Yaani unaogopa Moto hadi usingizi unaruka, na bado kila usiku unatafuta mawaidha ya adhabu. Yamenipata hayo.

Kwanza angalia unasikiliza saa ngapi. Mimi ilikuwa kitandani, taa imezimwa. Kinachonasa ni picha: milango saba ya Jehanamu (Qur'ani, sura ya Al-Hijr, aya ya 44), mti wa zaqqum uotao humo wenye matunda kama vichwa vya mashetani (As-Saffat, 65). Akili ikishaonjeshwa hivyo inataka kuona zaidi. Na wengine, tuseme kweli, husikiliza wakimuwazia jirani ndiye anayeungua!

Hamishia kusikiliza kwako baada ya alasiri, uanze na Az-Zumar, aya ya 53, isemayo tusikate tamaa na rehema. Moyo ukizidi kwenda mbio hata mchana, nenda kwa daktari pia, si kwa shehe peke yake.