Mtafute nyuma ya "Mwandishi Wetu"

Wasichana wanaosomea uandishi wa habari huniandikia mara kwa mara, wengi wa Unguja na wachache wa Pemba. Wanataka kuandika maisha ya mmoja wa wanawake wa mwanzo kufanya kazi ya gazeti visiwani, na swali lao ni moja: nimuulize nini? Jibu langu halibadiliki. Usimuulize kitu bado. Kasome kwanza alichoandika.

Mama hawa wameshachoka kuulizwa yale yale: mume alisemaje, watoto ulimwachia nani, hukuogopa kutoka usiku? Mwandishi mwanamme haulizwi hata moja katika hayo. Sisemi hayana maana. Lakini ukianza nayo utatoka na habari za mama wa nyumba ambaye, kumbe, alikuwa akiandika pia.

Kwa hivyo nenda Nyaraka za Taifa, pale Kilimani, uombe magazeti ya miaka yake. Ila ujue unachokitafuta. Baada ya Mapinduzi ya 1964, magazeti kama Mwongozi yalikufa, na serikali ikawa na lake, Kweupe. Zanzibar Leo halikuja mpaka mwanzoni mwa miaka ya 2000. Katikati hapo mwanamke wa Kizanzibari aliyeipenda kazi hii alikwenda redioni Rahaleo, au aliyaandikia magazeti ya Bara: Uhuru, Mzalendo, Daily News. Ukitafuta magazeti ya visiwani peke yake utasema hakuwapo.

Kizuizi kingine ni maneno matatu yaliyokaa juu ya habari badala ya jina la aliyeiandika: "Na Mwandishi Wetu". Nimeshakaa na bibi mmoja mkekani, kwao Ng'ambo, nikamwekea nakala za kurasa za zamani. Akavaa miwani, kidole kikashuka safu baada ya safu. "Hii yangu. Hii si yangu. Hii yangu, lakini mhariri kaiharibu." Nikamuuliza kajuaje. "Hii imeanza na bei ya unga. Wenzangu wote walikuwa wanaanza na waziri." Jawabu hilo lilinipa wasifu wake nusu nzima.

Kuanzia hapo maswali hujileta yenyewe. Habari hii ya karafuu ulikuwa wapi ulipoipata? Wete, Pemba, kwenye foleni ya wauzaji. Uliipelekaje? Kwa simu ya mezani, anasoma neno kwa neno, majina ya watu anayataja herufi kwa herufi, na upande wa pili kuna mtu anaandika kwa mkono huku akimwambia "rudia, rudia". Na picha? Filamu ilifungwa kwenye bahasha ikapewa abiria wa meli, na bandarini Malindi, Unguja, kuna mtu anaisubiri. Mwulize habari inavyosafiri, maisha utayapata humo humo: nani alimwamini, nani alimsaidia, usiku ule alilala kwa nani.

Mwulize pia ipi ilikataliwa. Karafuu ni bidhaa inayouzwa serikalini tu, na magendo ya kwenda Mombasa hayakuwa habari ya kuandikwa ovyo. Soma pia Sheria Namba 5 ya 1988 inayosimamia magazeti Zanzibar, upate kuelewa kwa nini akifika mahali ananyamaza. Akinyamaza, mwache. Kunywa chai yako.

Tarehe usimkamue. Wazee hawahesabu kwa kalenda ya ukutani. Mwulize: ilikuwa kabla Rais Aboud Jumbe wa Zanzibar hajajiuzulu, au baada? Hapo una 1984. Uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi ulikukuta wapi? Hapo una 1995. Halafu urudi Kilimani kuhakikisha.

Wapo ambao majina yao hayakufichika, na hao pia wasome kwa jicho la kazi. Fatma Alloo ndiye mfano wangu. Mwaka 1987 yeye na wenzake walianzisha TAMWA, chama cha wanahabari wanawake, na jarida lao wakaliita Sauti ya Siti. Siti ni Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab, mtoto wa kijiji cha Fumba, aliyekwenda Bombay mwaka 1928 kurikodi sahani za santuri. Hakujua kusoma wala kuandika, lakini nyimbo zake zilibeba habari za mji: dhulma, kesi, nani kaonewa mahakamani. Kwangu mimi yeye ndiye ripota wa kwanza mwanamke tuliyekuwa naye, na atakayebisha aje tubishane. Wanawake wale walipochagua jina lake walijua wanajiweka kwenye safu gani.

Mengine ni adabu tu. Nenda baada ya alasiri, usiende mikono mitupu, na shikamoo yako itangulie simu yako. Omba ruhusa kabla ya kurikodi. Usimwahidi kwamba atapitisha makala. Mwambie utamsomea majina na tarehe, basi.

Ikishatoka, mpelekee ya karatasi. Ya kwenye simu, wajukuu watamfungulia mara moja halafu basi. Ya karatasi ataisoma na kalamu mkononi, na ukipigiwa simu kuambiwa aya ya tatu ni ndefu mno, sema "naam, Bi Mkubwa", uikate.