Radi imepiga mbali, mbona ruta imeungua?
Radi si lazima iguse nyumba. Mkondo wake, mara nyingi ampea 30,000 hivi, hupanda ndani ya mikrosekunde chache, na uga wa sumaku unaobadilika kwa kasi hiyo huzalisha volti kwenye kila waya mrefu ulio karibu: wa umeme, wa simu, wa antena. Fyuzi haiwahi, kabla waya wake haujayeyuka, pigo limeshapita. Kinga yenye varista, kijenzi kinachoanza kupitisha umeme volti zinapozidi, huwahi, ila varista huchakaa kila inapomeza pigo, na bila waya wa ardhi ulio mzuri haikulindi ipasavyo. Nakusihi, mawingu yakianza kujikusanya chomoa plagi, na waya wa mtandao pia. Wengi huusahau huo.