Muziki wa filamu fupi: anza na sauti iliyomo kwenye sini

Mkuu, umesema umepewa filamu ya dakika 20, bajeti hakuna, mwongozaji anataka muziki wa majonzi usiojitangaza, na unauliza ununue sauti zipi za kinanda. Usinunue kitu kwanza. Mimi natungia filamu za vijana hapa Dar, na kila kazi naianza kwa kuomba sauti iliyorekodiwa siku ya kushuti. Naisikiliza yenyewe, picha nimezima.

Mle ndani mna mengi: feni, friji, jenereta la jirani. Umeme wetu ni wa Hz 50, yaani mitetemo 50 kwa sekunde, kwa hiyo friji huvuma kwenye 50 na 100, jirani kabisa na noti ya G. Besi yako ukiiweka kwenye G kamili wakati wa sini ya jikoni, itagombana na friji. Mtazamaji hatajua kinachomkera, ila atakereka. Tungia kwenye G, kisha pandisha tyuni ya ala zote senti 35 hivi (senti 100 ni nusu-toni, yaani hatua moja ya kinanda). Hapo friji linaingia kwenye muziki wako, tena bure.

Karibuni nilikuwa na sini ya mama anayechambua mchele huku akisubiri simu ya mwanawe. Nilichukua zeze la nyuzi mbili, nikasogeza maikrofoni karibu na uta hadi mkwaruzo ukasikika, nikarekodi noti moja ndefu. Kasi nikaipunguza nusu. Sauti ikashuka oktavi nzima, na ule mkwaruzo ukawa kama mtu anayevuta pumzi kwa shida. Ni hiyo tu niliyotumia sini nzima. Mama anapoongea sishushi muziki wote. Napunguza kati ya Hz 1,000 na 4,000, maana hapo ndipo maneno yanaposhikika.

Halafu, tafadhali sana, usiingize muziki kabla ya machozi. Subiri uso ubadilike kwanza. Muziki ukitangulia unamwamuru mtu ahuzunike, na waigizaji wetu wazuri hawastahili kufanyiwa hivyo.

Kama mhariri ameshapachika muziki wa filamu kubwa ya nje kushikilia nafasi, mwombe autoe leo. Mwongozaji akishauzoea, chochote utakachotunga atakiona pungufu.

Faili zikabidhi kwa Hz 48,000 (hapa ni idadi ya sampuli za sauti kwa sekunde), si 44,100 ya CD, na kila tabaka peke yake, ili anayechanganya sauti aweze kushusha besi bila kugusa zeze.

Kuhusu malipo: kama hawana hela, andikianeni kwamba muziki unabaki mali yako na wao wanaruhusiwa kuutumia kwenye filamu hiyo tu. Uusajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, kabla filamu haijapelekwa ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, au tamasha lolote.