Marumaru za zamani bafuni: zifunike au zibomoe?

Marumaru za bafu langu ni nyeupe za inchi 6. Zimechakaa ila hazijavunjika. Fundi anataka kubomoa zote. Siwezi kupiga mbao za MDF juu yake? (Nyegezi)

Kufunika unaweza, ila si kwa MDF. Hiyo ni nyuzi laini za mbao zilizoshindiliwa na gundi. Ikinywa maji kwenye ukingo wa chini inavimba, na ikishavimba hairudi. Chukua paneli za PVC, yaani plastiki ngumu, zilezile ndefu zinazopigwa darini.

Kabla ya kununua chochote, gonga marumaru moja moja kwa mpini wa bisibisi. Inayolia kama debe tupu imeshaachia ukuta. Ibandue, ziba kwa mchanga na saruji, acha pakauke kabisa. Zikiwa nyingi, tuseme robo ya ukuta, basi fundi wako yuko sahihi. Paneli itabebwa na marumaru, kwa hiyo marumaru ikianguka inaondoka nayo.

Shikamooni wakubwa. Nyumba yetu imeegemea mlima. Kila masika ukuta wa nyuma wa bafu unatoa unga mweupe kwenye maungio ya marumaru. Tukifunika si utaacha kuonekana? (Mabatini)

Marahaba. Tafadhali msifunike. Unga huo ni chumvi. Maji ya mvua yanateremka kati ya mawe na udongo, yanaingia kwenye tofali na kuyeyusha chumvi iliyomo. Yakifika ndani yanakauka, chumvi inabaki. Mkiweka plastiki mbele, maji hayakomi, yanatafuta tu njia nyingine: yatapanda juu ya paneli au yatokee chumba cha jirani, na rangi ianze kumenyuka huko.

Kazi iko nje. Ondoeni udongo uliogusa ukuta, pigeni plasta yenye dawa ya kuzuia maji, kisha chimbeni mfereji nyuma ya nyumba, ushuke kuelekea pembeni, mjaze kokoto. Maji ya bati nayo yasimwagike hapo.

Masika ijayo pimeni. Bandikeni kipande cha nailoni cha sentimita 50 kwa 50 kwenye plasta juu ya marumaru, gundisheni kingo zote kwa selotepu, mkiache siku 2. Unyevu ukiwa ndani ya nailoni, ukuta bado unavuja. Ukiwa nje tu, ni mvuke wa kuoga, na dawa yake ni dirisha linalopitisha hewa.

Fundi alibandika paneli kwa gundi nyeupe ya mbao. Wiki ya tatu zikaanza kuachia. Kosa ni la paneli? (Kirumba)

Ni la gundi. Gundi nyeupe hukauka maji yake yanaponyonywa au kupaa hewani. Hapo nyuma kuna uso wa marumaru unaong'aa na mbele kuna plastiki. Hakuna upande unaonyonya, kwa hiyo katikati inabaki mbichi.

Tumia gundi ya poliyurethani. Kwanza sugua utando wa sabuni kwa sabuni ya unga na brashi ngumu, suuza, pakikauka piga msasa namba 80 mpaka mng'ao ufe, malizia kwa kitambaa chenye spiriti. Mistari ya gundi iwe wima, ili maji yakipenya yashuke. Inua paneli milimita 5 kutoka sakafuni, ziba nafasi hiyo kwa silikoni, lakini kila nusu mita acha nafasi ya sentimita 2 ya kutolea maji.

Bafu ni mita 1.8 kwa 2.2, mlango sentimita 75. Marumaru zimeishia mita 1.07. Paneli za dukani zina upana wa sentimita 20, urefu mita 5.8. Ninunue ngapi? (Igoma)

Mzunguko ni mita 8, toa mlango zinabaki 7.25. Gawa kwa 0.2, unahitaji vipande 37. Ukikata kwa mita 1.2, kila paneli inatoa vipande 4 na karibu mita nzima inatupwa, utanunua 10. Kata kwa mita 1.15: vipande 5 kila moja, paneli 8 zinatosha na vipande 3 vinabaki vya kona. Usiongeze hata sentimita 1, msumeno nao unakula.

Juu ya marumaru paneli itabaki haina kitu nyuma yake. Tangulia kufunga hapo, kwa skrubu na plagi za ukutani, ukanda wa plastiki wenye unene sawa na marumaru.

Gundi: tyubu ya mililita 300 inatoa mstari wa milimita 6 kwa takriban mita 10. Kila kipande kina mistari 2, jumla mita 85 hivi, kwa hiyo tyubu 9. Kila kona acha milimita 3, zifichwe na ukingo wa kona. PVC hutanuka kwa joto, na ikibanwa ukuta unafura katikati.

Tunaoga kwa ndoo na kopo, choo humohumo. Pembe ya kuogea nayo nifunike? (Buhongwa)

Hapana. Maungio ya paneli za dari hayazuii maji ya kumwagiwa kila siku. Pembe hiyo iache na marumaru zake, kwangua grauti (kijazio cha maungio) ya zamani kwa kina cha milimita 3, jaza mpya, na ukingo wa paneli ya mwisho uzibe kwa silikoni toka juu hadi chini.